Acheni Kumchekea Amin, Mtazameni Aliyeshika Kamera

Kimenifikia tena kile kipande cha Idi Amin akipiga kodiani, safari hii kimejazwa emoji za kucheka. Nimechoka nacho. Kimetoka kwenye filamu ya 1974 ya mwongozaji Barbet Schroeder juu ya Amin, na aliyeipiga picha ni Néstor Almendros, Mhispania ambaye hakwenda Uganda kutafuta vichekesho.

Almendros alizaliwa Barcelona mwaka 1930. Baba yake, mwalimu Herminio, alikimbia Hispania baada ya Jenerali Franco kushinda vita vya wenyewe kwa wenyewe, akaishia Cuba. Kijana akamfuata 1948. Dikteta Batista alipotawala huko, akaondoka. Mapinduzi ya 1959, yaliyompindua Batista na kumweka Fidel Castro, yakamrudisha kwa matumaini, akatengeneza filamu fupi ya watu walioko ufukweni tu, watu wa kawaida wakipumzika, na serikali ya Castro ikaipiga marufuku. Akahamia Paris. Kwa hiyo alipokanyaga Kampala, udikteta hakuusoma vitabuni.

Tazameni kikao cha Baraza la Mawaziri. Amin anafoka, anatoa maagizo, anacheka mwenyewe. Kamera haimng'ang'anii yeye tu. Inawageukia mawaziri: vichwa vimeinama, kalamu zinakimbia, kila mmoja anaandika kana kwamba kuandika ndiko kutakakomfikisha nyumbani salama. Waziri wa Mambo ya Nje, Michael Ondoga, anasemwa mbele ya wenzake. Muda si mrefu maiti yake ikaokotwa Mto Nile. Mtu aliyekulia penye hofu anajua hofu inakaa wapi mwilini, akaitafuta mikononi na shingoni mwa wale wazee. Halafu mwishoni, Amin akiwa na madaktari, picha inambakia usoni. Hasemi. Macho yanahangaika. Hapo mnacheka nini, jamani?

Naam, Amin mwenyewe ni mcheshi, na filamu inamwacha atuchekeshe. Hilo silikatai. Lakini huyo mcheshi alipochukizwa na baadhi ya sehemu aliwashika Wafaransa waliokuwa Uganda mpaka Schroeder akazikata. Zilirudishwa baada ya Amin kuangushwa.

Duniani Almendros anasifiwa zaidi kwa filamu ya Days of Heaven ya 1978, iliyompa Oscar. Macho yalikuwa yameanza kumtupa, akawa anapigiwa picha za Polaroid, zile zinazotoka papo hapo, za eneo la tukio na kuzichunguza kwa miwani mikali kabla ya kuamua. Aliamuru taa zizimwe, jua la magharibi lifanye kazi, na mafundi waliozoea taa kubwa wakanung'unika. Haskell Wexler, mpiga picha aliyeimalizia, alidai zaidi ya nusu ya picha ni zake. Sawa, naye apewe haki yake.

Mimi namheshimu zaidi kwa alichofanya baada ya kupata jina. Angeweza kukaa New York akila matunda ya Oscar. Badala yake, 1984 alishirikiana na Orlando Jiménez Leal kutengeneza filamu juu ya mashoga walioteswa Cuba, na 1987, pamoja na Jorge Ulla, nyingine ya waliofungwa kwa siasa. Baadhi ya wasomi wa Ulaya waliompenda Castro hawakumsamehe. Alifariki 1992 kwa maradhi yatokanayo na UKIMWI, na shirika la haki za binadamu la Human Rights Watch likaanzisha tuzo yenye jina lake. Huku kwetu, tunaosambaza kila mwezi picha alizopiga, jina hilo hata halitajwi.