Ziara ya Safranbolu isiishie sokoni

Safranbolu ni mji mdogo wa kaskazini mwa Uturuki, katika mkoa wa Karabük, ambao tangu mwaka 1994 umo katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO kwa ajili ya nyumba zake za mbao na matofali ya udongo zilizojengwa enzi za Milki ya Osmani. Nilikaa huko siku mbili mwishoni mwa Oktoba. Siku ya kwanza niliutembea pamoja na kikundi cha wageni tisa tukiongozwa na mwenyeji, na siku ya pili niliutembea peke yangu. Nimerudi na rai ambayo naiandika kwa msisitizo: anayekwenda Safranbolu amlipe mwongozaji mwenyeji wala asione hasara, lakini kabla ya kutoa fedha aulize kama ziara itafika Kıranköy, sehemu ya juu ya mji walikoishi zamani Wakristo wake, kwa kuwa ziara zinazoishia sokoni humwonyesha mgeni nusu ya mji na kumwacha akiamini kwamba ameuona wote.

Naanza na sababu ya kumhitaji mwongozaji. Nimekulia Mji Mkongwe wa Unguja, nikiwaona wageni wakipita vichochoroni na ramani mkononi, wakiisifu milango na kuendelea na njia bila kujua kilichomo nyuma yake. Nyumba za namna hii hazijengwi zimweleze mpita njia habari za waliomo. Za Safranbolu nazo ndivyo zilivyo. Ukuta wa chini ni wa mawe, mnene, hauna dirisha la kuchungulia. Juu yake ghorofa zimejitokeza mpaka zinakaribia kukutana katikati ya njia, na madirisha yao marefu yana vimiani vya mbao. Asiye na wa kumweleza huona chokaa nyeupe, mbao za kahawia na vigae vyekundu, akapiga picha, na baada ya nusu saa nyumba zote humfanania.

Mwongozaji wetu alikuwa mama wa makamo aliyezaliwa mjini humo, nasi tulimwita abla, yaani dada mkubwa, kama wenyeji walivyokuwa wakimwita kila tulipopita. Alituingiza katika Kaymakamlar Evi, nyumba ambayo siku hizi ni makumbusho na ambayo katika karne ya 19 ilikuwa ya Hacı Mehmet Efendi, mkuu wa kambi ya askari ya hapo. Neno hilo efendi ndilo lililozunguka kupitia Misri na Sudan mpaka likatufikia sisi likawa afande, na nililifurahia sana kulikuta kwao. Chini tulikuta ua wa ndani uliotandikwa mawe, ambamo wanyama walifungwa na kuni zikawekwa. Tulivua viatu tukapanda ngazi, tukatokea ukumbini, na vyumba vikiuzunguka ukumbi huo kila kimoja kwenye pembe yake. Abla alitueleza kwamba kila chumba kilikuwa kama nyumba kamili ya wanandoa: kina meko yake, kina mabenchi marefu ya kukalia chini ya madirisha, na kina makabati ya ukutani ambamo magodoro yalikunjwa asubuhi na kutolewa usiku. Kisha akafungua mlango wa kabati moja lililofanana kabisa na mengine, na ndani yake tukaona kijichumba kisichomtosha zaidi ya mtu mmoja, chenye mahali pa kumwagia maji na tundu la kuyatolea nje. Palikuwa mahali pa josho. Sote tisa tulikuwa tumekwisha kulipita kabati lile, na hakuna hata mmoja wetu aliyekuwa na haja ya kuligusa.

Hata hivyo, kilichonigusa zaidi kilikuwa kabati jingine, waliloliita dönme dolap. Ni kabati la mviringo lenye rafu, limesimamishwa ndani ya ukuta unaotenga upande wa wanawake na upande wa kupokelea wageni wanaume, nalo huzunguka. Wanawake walipanga vyakula kwenye rafu, wakalisukuma, na sahani zikatokea kwa wanaume bila yeyote kumwona mwenzake. Abla alivua shungi alilokuwa amejitanda mabegani, akaliweka kwenye rafu, akalisukuma kabati kwa kiganja. Mbao zililia kidogo, shungi likatoweka, na upande wa pili tukasikia mtoto wa mgeni mmoja akicheka kwa kulipata. Nilimkumbuka bibi yangu, ambaye hakuwa na kabati la kuzunguka ila alikuwa na pazia, na wageni wa babu walipokuja tuliuona mkono wake tu ukisukuma sinia sakafuni. Niliporudi nje, nyumba zile hazikuwa zikifanana tena. Nilianza kujiuliza kila dirisha ni la upande gani, na nani alikuwa akitazama kutoka humo.

Kutoka hapo tuliteremka sokoni, katika sehemu wanayoiita Çukur, maana yake shimo, kwa kuwa imekaa bondeni ambako vijito vinakutana na upepo wa baridi haufiki kwa nguvu. Watu wenye uwezo walikaa huku majira ya baridi, na joto lilipoanza wakahamia nyumba zao nyingine huko juu Bağlar, penye bustani na mizabibu. Safranbolu ilikuwa kituo cha misafara ya biashara tangu karne ya 13 hadi reli ilipoishinda misafara hiyo mwanzoni mwa karne ya 20, na alama kubwa ya utajiri ule ni Cinci Han, nyumba ya mawe ya kulazia wasafiri iliyojengwa mwaka 1645. Mjenzi wake alikuwa Hüseyin Efendi, mzaliwa wa hapo, aliyejulikana kama Cinci Hoca. Wenzangu wa Ulaya walihitaji kuelezwa kwa muda mrefu maana ya jina hilo. Mimi nililielewa papo hapo, kwa sababu cin ni jini na hoca ni mwalimu, na kwetu tungemwita mwalimu wa majini. Alimtibu Sultani Ibrahim, akapandishwa vyeo hadi akawa miongoni mwa mahakimu wakubwa wa dola, na Sultani alipoondolewa mwaka 1648 naye akauawa. Nyumba aliyoijenga siku hizi ni hoteli, na hamamu inayobeba jina lake bado inapokea watu wa kuoga.

Mbele kidogo upo msikiti wa Köprülü Mehmed Paşa, waziri mkuu wa dola kati ya 1656 na 1661, na pembeni mwake ipo safu ya maduka madogo ya mbao yaliyokuwa ya mafundi wa viatu vyepesi vya ngozi viitwavyo yemeni. Ngozi zenyewe zilidabaghiwa hapo hapo mjini, kando ya kijito, katika mtaa unaoitwa Tabakhane. Na neno hilo kwa asili ni debbağhane, yaani nyumba ya kudabagha, kwa hiyo Mswahili hahitaji mkalimani. Abla alitaja mtaa huo kwa kunyoosha kidole tu, hatukwenda. Nilisikitika. Uzuri wa nyumba tulizokuwa tukizisifu ulilipwa na kazi ile ya maji baridi na harufu mbaya, na ningependa kusimama walau dakika kumi pale ilipofanyika. Tulichokisikia cha kazi ni nyundo za wahunzi, ambao mpaka leo wana mtaa wao na wanafua vitasa na bawaba, na sauti hiyo ilitufuata njia nzima.

Muda wa kwenda Tabakhane haukupatikana, lakini tulitumia karibu dakika arubaini katika duka moja la peremende, tukionjeshwa lokum ya zafarani na kuelekezwa mahali pa kulipia. Sina ugomvi na zafarani, ambayo ndiyo iliyoupa mji jina lake na ambayo kwetu pwani inajulikana katika kila biriani ya heshima. Katika kijiji cha Davutobası, karibu na mji, bado inalimwa, na huchumwa kwa mkono: kila ua la zambarau lina nyuzi tatu tu nyekundu, na kilo moja iliyokaushwa hutaka maua zaidi ya 100,000. Muuzaji aliniwekea ua moja kiganjani, nikazihesabu nyuzi zile, na dakika tano hizo zilikuwa na faida. Thelathini na tano zilizobaki ziliibwa kwenye ziara tuliyokwisha kuilipia, na baada yake tukaambiwa tumefika mwisho.

Asubuhi ya pili nilipanda peke yangu hadi Kıranköy. Ni mwendo wa kama nusu saa kutoka sokoni, na siku hizi ndiko kuliko na benki, vituo vya mabasi na shughuli za kila siku, kwa hiyo wageni hupita huko wakiwa ndani ya gari bila kutazama. Lakini katikati ya majengo mapya zimebaki nyumba za mawe zisizofanana na za bondeni: duka chini, makazi ya mwenye duka juu yake, na mlango unaotazama barabara bila haya. Hapa ndipo walipoishi Wakristo wa Safranbolu, Wagiriki wa madhehebu ya Orthodoksi, ambao kwa vizazi vingi walikuwa mafundi na wafanyabiashara wa mji huo huo mmoja. Kanisa lao la Mtakatifu Stefano leo ni msikiti, Ulu Cami, na umbo la kanisa bado linaonekana wazi kwa yeyote anayesimama mbele yake.

Watu hao hawakuondoka kwa hiari. Mkataba uliotiwa saini Lausanne mwezi Januari 1923 uliamuru Waorthodoksi wa Uturuki wapelekwe Ugiriki na Waislamu wa Ugiriki waletwe Uturuki, isipokuwa wachache waliosamehewa, na kwa jumla zaidi ya watu milioni moja na nusu walipoteza makwao pande zote mbili. Nilisimama mbele ya nyumba moja yenye duka lililofungwa, mawe ya kizingiti yakiwa yameliwa na nyayo, nikawaza kuhusu waliofunga mlango ule mara ya mwisho. Mgeni anayeondoka bila kusimuliwa habari hii atadhani kwamba mji wote ulikuwa wa nyumba zenye pazia na kabati la kuzunguka, na kwamba waliokuwa na nyumba za namna nyingine hawakuwako kabisa. Kwa maoni yangu huko ni kuwaondoa mara ya pili.

Liko jambo jingine ambalo ziara zinapaswa kulisema waziwazi, nalo ni namna mji ulivyosalimika. Mwaka 1937 serikali ilianza kujenga kiwanda kikubwa cha chuma Karabük, kilomita chache tu kutoka hapo, na kazi, fedha na nyumba mpya vikafuata huko. Bonde la Çukur likaachwa lilivyo, bila mtu wa kulibomoa ili ajenge ghorofa za saruji. Ni mwaka 1975 ndipo juhudi za makusudi za kulihifadhi zilipoanza. Wanaostahili sifa kwa uamuzi wa mwaka huo wapewe, lakini kabla yao ilikuwepo miaka karibu arubaini ya kusahauliwa, nasi tunaotoka katika miji ya mawe inayobomoka tukingojea fedha za ukarabati tuna mengi ya kujifunza katika mpangilio huo wa matukio.

Jioni ya siku ya pili nilimkuta Abla kwenye kilima cha Hıdırlık, ambako watu hupanda kuutazama mji wakati jua linapoteremka. Nilimuuliza kwa nini hatukupelekwa Kıranköy. Alinijibu bila kukasirika kwamba yeye hupenda kuanzia huko, ila wageni wengi hufika asubuhi kwa basi kutoka Ankara, wana saa tatu tu, na aliyewapangia safari ndiye anayechagua vituo, duka la peremende likiwa kimojawapo. Basi ushauri wangu kwa msomaji anayeifikiria safari hii ni alale Safranbolu walau usiku mmoja, amtafute mwongozaji mwenyewe akiwa mjini, na amwombe waanzie juu Kıranköy asubuhi mapema, washuke kwa miguu hadi Tabakhane, kisha ndipo waingie sokoni. Zafarani atainunua jioni, maduka hayafungwi mapema.