Kovu la Assunta: heshima ya nani?

Kila ninapoirudia Assunta Spina, sinema bubu ya Italia ya mwaka 1915, najiuliza lilelile: inamtetea mwanamume mwenye wivu au inamshitaki?

Assunta, anayeigizwa na Francesca Bertini, anapiga pasi nguo za watu Napoli. Mchumba wake Michele ana bucha. Raffaele, aliyekataliwa na Assunta, anampelekea Michele barua isiyo na jina ili kumchochea. Kwenye sherehe huko Posillipo, Assunta, kwa kuchoshwa na wivu wa mchumba wake, anakubali kucheza na Raffaele. Michele anamchana uso kwa kisu.

Wanaoilaumu filamu hii wana hoja nzito. Mahakamani, Assunta anajaribu kumwokoa mtu aliyemharibu sura. Mwishoni Michele anatoka gerezani, anamuua Federigo, karani wa mahakama, na Assunta anawaambia polisi kwamba muuaji ni yeye Assunta. Mara mbili anamfichia. Mtazamaji anaweza kabisa kutoka hapo akiamini kwamba kuchanwa kisu ni dalili ya kupendwa, na kwamba mwanamke mwema ni yule anayebeba makosa ya mwanamume. Hilo linaniuma, na sioni njia ya kulikwepa.

Lakini mtazame huyo Federigo. Michele alipohukumiwa kufungwa Avellino, mji mwingine, karani alijitolea kumbakiza Napoli, karibu na Assunta, kwa malipo ya mwili wake. Akaupata, halafu akamchoka. Kwangu mizani inalalia hapo. Michele ana kisu cha kulindia heshima yake, Federigo ana cheo. Heshima ya Assunta haiulizwi na yeyote, si mwenye bucha wala mahakama.

Bertini naye hapigi kelele za mikono kama waigizaji wengi wa enzi zile. Anajivuta shali mabegani, basi, na unaelewa. Jina lililoandikwa la mwongozaji ni la Gustavo Serena, ambaye ndiye anayeigiza Michele. Uzeeni Bertini alisema kazi ya kuongoza ilikuwa yake. Namwamini, kwa jinsi filamu nzima inavyomfuata mwanamke anayelipa, kuliko mwanamume anayejiona amevunjiwa heshima.

Mwaka 1981 Italia ilifuta kifungu cha sheria kilichompunguzia adhabu muuaji aliyejitetea kwa heshima. Bertini alikuwa bado hai.