Lori Langu Limekwama Calais

Juu ya mlango wa steshenari yangu pale Tabata kuna kibao nilichokiandika kwa mkono wangu, kwa rangi nyekundu: FOTOKOPI, PASIPOTI SAIZI, KUFUNGA VITABU, TUNATENGENEZA KOMPYUTA ZA AINA ZOTE. Neno "zote" nimelipigia mstari. Nakitaja kibao hicho mapema ili baadaye ukianza kunicheka ujue unamcheka nani.

Nina miaka 43 na sina gari. Lakini usiku, nyumba ikishatulia, mimi ni dereva wa lori huko Ulaya. Gemu yenyewe ni Euro Truck Simulator 2, ilitoka mwaka 2012, imetengenezwa na Wacheki wa SCS Software. Haina bunduki wala mazimwi. Unachukua mzigo mji huu, unaupeleka mji ule, ukipita taa nyekundu unapigwa faini. Nilianza kwa kuendesha malori ya watu, nikakopa benki, nikanunua langu. Benki yenyewe haikuniuliza mdhamini wala hati ya nyumba, na hapo ndipo unapokumbuka kwamba haya yote ni mchezo. Mke wangu aliponikuta mara ya kwanza alisimama nyuma yangu kama dakika tano, kimya, akinitazama nikirudisha tela kinyumenyume kwenye ghala. Kisha akauliza: "Sasa hapa unacheza au uko kazini?"

Gemu si yangu. Ni ya mpwa wangu, mtoto wa dada, anayesoma chuo na kuishi kwetu. Akaunti yake ya Steam, lile duka la gemu la mtandaoni, imenona, ina gemu sitini na kitu, nyingi alizivizia kwenye punguzo. Mwaka 2024 Steam walileta utaratibu mpya wa familia: watu wa kaya moja, wasiozidi 6, wanaunganisha maktaba zao, na kila mmoja anacheza gemu za mwenzake akiwa kwenye akaunti yake mwenyewe. Watu 6! Aliyepanga idadi hiyo hajawahi kufikiwa na wageni wa msiba. Mpwa akatuunga watatu: yeye, mimi, na mke wangu, ambaye alifunguliwa akaunti kwenye simu, nami nikadhani ni wa kujazia orodha tu. Mwaliko wangu ulipofika ulikuwa na Kiingereza kingi. Nikafanya ninachofanya siku zote: nikabonyeza kitufe kikubwa kuliko vyote.

Ijumaa moja ya mwezi wa nane, mwaka 2025, mpwa akiwa fildi Mbeya, nikafungua laptopu saa nne usiku. Jumapili iliyotangulia nilikuwa nimeliacha lori Calais, Ufaransa, na mzigo mgongoni, nikisubiri feri ya kwenda Dover. Safari hiyo naipenda kuliko zote. Karibu Ulaya nzima wananiendesha mkono wa kulia kama mlevi, ila Uingereza wanapita kushoto kama sisi. Nikishuka pale Dover najisikia kama nimeshuka pantoni Kigamboni.

Maktaba ilikuwa tupu.

Si tupu kabisa. Imebaki gemu moja, ya kupanga maumbo, ina picha ya paka aliyevaa kofia. Zile sitini na kitu hazipo, na lori langu halipo. Katikati ya skrini pakajitokeza kisanduku kidogo chenye maneno mawili matatu. Nikakifunga. Visanduku ni kama wauza soksi wa kwenye foleni, ukishawatazama tu usoni umenunua.

Nikaanza ufundi. Nikazima, nikawasha. Nikatoka kwenye akaunti, nikaingia tena. Kisanduku, nikakifunga. Nikakagua vichujio vya maktaba, maana pale juu ya orodha kuna kialama cha pengwini ambacho ukikigusa bila kujua zinabaki gemu za kompyuta zenye mfumo wa Linux peke yake, na wateja wangu wawili wameshawahi kulia kwa ajili ya pengwini huyo. Hakuwa yeye. Kuna kingine kinachoonyesha zile tu zilizo tayari kuchezwa. Hakikuwa chenyewe. Nikaanza kufikiria mambo ya zamani, maana mimi ushirikishaji wa gemu niliujua ule wa kwanza, wa mwaka 2013, ambapo maktaba ilikuwa kama choo cha uani: mwenye nacho akitaka kuingia, wewe uliye ndani unapewa dakika chache utoke. Nikasema basi, mpwa anacheza huko Mbeya. Nikakumbuka kwamba utaratibu huo ulishakufa, siku hizi yeye anaweza kucheza yake na mimi yangu, tunagongana tu tukitaka gemu ileile nayo ipo nakala moja. Na hata tukigongana, gemu haipotei machoni.

Nikafikiria faini. Kweli, niliwaza hivyo. Nilijua kuna kanuni kwamba mwanafamilia akikamatwa kwa udanganyifu kwenye gemu aliyoazimwa, mwenye gemu naye anafungiwa. Na Jumapili ile, kabla ya kuingia bandarini Calais, nilipita taa nyekundu. Saa tano na nusu usiku mtu mzima nimekaa sebuleni natubu taa nyekundu ya Ufaransa.

Kisanduku kikaja tena. Nikakifunga kwa hasira.

Sasa nitasema jambo ambalo fundi hapaswi kusema. Niliiondoa Steam yote kwenye kompyuta ili niiweke upya. Ilinionya, sikatai. Iliniambia kwamba gemu zilizomo kwenye folda yake zitaondoka nayo. Mteja angefanya hivyo mbele yangu ningemshika mkono. Nikabonyeza kitufe kikubwa. Gigabaiti zaidi ya ishirini, nilizozishusha kwa bando la usiku kwa siku tisa, nikiamka saa sita kuwasha hotspoti kama mtu anayenyonyesha, zikaondoka kwa muda usiotosha kupiga chafya. Nikaiweka Steam upya. Nikaingia. Paka na kofia yake.

Hapo akili ikahama kwenye kompyuta ikaenda kwa watu. Wiki mbili nyuma nilimgombeza mpwa kwa kupiga pasi suruali tatu wakati LUKU ina uniti nne. Nikaona kila kitu wazi. Nikamwandikia WhatsApp: "Mpwa. Nimeona ulichonifanyia. Mimi ni mjomba wako, na mjomba ni mama. Kama ni ile pasi, ungesema." Nikaituma saa saba kasoro, nikabaki naangalia tiki.

Asubuhi nikakuta jibu: "Shikamoo mjomba. Pasi gani? Cheki na anti."

Cheki na anti! Kwa nini sikuwaza? Sisi mafundi antivairasi tunaiita anti kwa kifupi, na ni kweli kuna wakati inazuia faili za gemu ikidhani ni virusi. Nikamwona mpwa ana akili sana. Nikabeba laptopu hadi dukani, nikaiwasha anti, nikaiambia ikague kila kona. Mke wangu alinipa chai, akaniuliza mbona macho mekundu, nikamwambia ni mambo ya kitaalamu.

Anti ikakagua saa mbili na nusu. Ikakamata virusi 14, vyote vimetoka kwenye flashi za wateja. (Kama wewe ni yule bwana wa harusi aliyeleta picha kwenye flashi yenye folda 30 zilizojificha, ujue nakufahamu.) Lori halikurudi.

Ndipo akaingia mwanafunzi mmoja wa kidato cha pili, ana kazi ya jiografia ya kuchapa, kurasa 12. Kaptula, soksi zimeshuka, begi la mgongo limefunguka zipu.

"Shikamoo anko."

"Marahaba. Subiri kidogo, kuna kazi nzito hapa."

Akazunguka meza. Vijana hawa hawajui mpaka wa meza. Akatazama skrini, na kisanduku, kama kilikuwa kinamsubiri yeye, kikajitokeza. Nikanyoosha mkono kukifunga.

"Anko, ngoja kwanza. Hiki kinasema umwombe mzazi ruhusa."

"Mzazi gani?"

"Mzazi wako."

"Baba yangu alifariki mwaka 2009."

"Pole, anko. Lakini hapa wapo wawili." Akashika mausi bila kuomba, akabofya mara mbili tatu, ukafunguka ukurasa wa familia ambao kwa mwaka mzima sikuwahi kuufungua. Upande wa watu wazima kuna picha ya mpwa wangu. Chini yake kuna picha ya sinia la pilau, nikalitambua lile sinia, tulipewa siku ya ndoa. Na peke yangu, upande mwingine, picha yangu niliyovaa tai.

Kijana akaisoma ile safu, akanitazama, akaisoma tena.

"Anko, wewe ndiyo mtoto?"

Dukani kulikuwa na mama mmoja anasubiri fotokopi ya cheti cha kuzaliwa na mzee mmoja aliyeleta laptopu yake haitoi sauti. Wote wawili walisikia. Mama alijitahidi, aliuma mtandio, ila mabega yalimsaliti. Mzee aliifunga laptopu yake taratibu, akairudisha kwenye mfuko wa rambo, akasema ataipitisha siku nyingine maana amekumbuka ana mkutano.

Kijana sasa ndiye fundi. Akanifafanulia, akionyesha kwa kalamu: watu wazima wa familia wanaweza kumchagulia mtoto gemu za kuziona na saa za kucheza. Kwangu wameruhusu moja, ya paka. "Kwa hiyo hazijapotea, anko. Zimefichwa ili usizione."

"Nitatokaje humu?"

"Mtoto hatoki mwenyewe, anko. Mpaka mtu mzima akutoe. Na ukitolewa, nafasi yako inajifunga mwaka mzima." Akanitazama kwa huruma. "Bora uongee nao vizuri."

Nikamchapia kurasa 12 bure. Akaniomba na kava la plastiki, nikampa.

Nyumbani nilimkuta mke wangu jikoni anakuna nazi. Njia nzima nilikuwa nimepanga hotuba, ina utangulizi. Nikasimama mlangoni nikasema, "Mke wangu, hivi mimi ni mtoto?"

Hakunyanyua kichwa. "Umegundua leo? Nimefunga tangu Jumatatu."

Basi "anti" alikuwa huyu. Mpwa humwita anti kila siku iendayo kwa Mungu, asubuhi, mchana na jioni, na mimi nikaenda kuamsha antivairasi. Kumbe kabla ya kusafiri kwenda Mbeya alikaa naye nusu saa akimfundisha kila kitufe. Kuniweka upande wa watoto waliafikiana tangu siku ya mwaliko, kama tahadhari.

"Ningekueleza," akasema, "lakini nilishakueleza mara nne, ukaniitikia 'mm' huku unapiga honi. Jumatatu kwenye kikao cha wazazi ukasinzia. Mwalimu mkuu akataja jina lako, ukashtuka ukasema 'natoa breki ya mkono'. Mbele ya kamati nzima."

Sikuwa na la kujibu, maana nilikumbuka ile ndoto. Nilikuwa kwenye mlima.

Tukakaa kikao, mimi nimeshika mbuzi ya nazi, yeye ameshika simu. Nikaomba nirejeshewe utu uzima, akasema hilo litajadiliwa mpwa akirudi. Gemu zangu akazirudisha hapo hapo kwa kidole kimoja chenye tui, na orodha yote ikashuka kwenye laptopu kama mvua. Saa za kucheza akaweka moja kwa siku, mwisho saa nne usiku. Mpwa nilimwomba radhi kwa ujumbe mrefu. Akajibu kwa vikaragosi vya kucheka, safu mbili, kisha akauliza tena ni pasi gani.

Lakini gemu nilishaifuta mwenyewe, hiyo hakuna wa kumlaumu. Siku tisa tena za bando la usiku. Siku ya kumi nikaifungua moyo ukinidunda, maana sikujua kama lori nalo lilikwenda na maji. Kumbe rekodi za safari hukaa kwenye folda nyingine kabisa, kwenye Documents, na kule sikugusa. Lori lipo. Limesimama Calais palepale nilipoliacha, taa zinawaka, mzigo mgongoni.

Nikawasha injini. Nikapanga foleni ya feri. Ilikuwa saa tatu na dakika hamsini na nane, lile saa moja langu nilikuwa nimelimaliza kwa kupanga mizigo na kufuta vumbi kwenye skrini. Kisanduku kikajitokeza. Safari hii nilikisoma chote, neno kwa neno, nikabonyeza pale pa kuomba nyongeza.

Simu ikalia jikoni. Ti!

"Nani huyo?" akauliza, na najua alikuwa anajua.

"Mimi."

"Unataka ngapi?"

"Nusu saa tu. Nimeshafika bandarini."

Kimya. Sufuria ikafunikwa. "Nakupa dakika ishirini. Ukishashuka kwenye hilo pantoni uzime uje ule."