Muda wa Kesi za Ardhi Usimbane Mkulima Peke Yake

Migogoro mingi ya ardhi katika mikoa ya Lindi na Mtwara ina mizizi katika Operesheni Vijiji ya miaka ya 1970, ambapo watu walihamishwa kutoka mashamba yao ya asili na kuiacha mikorosho yao kwenye mahame. Leo wajukuu wanayadai mahame hayo, na wanaoyalima nao wana hoja, kwa kuwa kifungu cha 15 cha Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 kilithibitisha ugawaji uliofanywa kati ya Januari 1970 na Desemba 1977. Shauri la namna hii haliwezi kuamuliwa kwa nyaraka peke yake, maana ushahidi wake umo vinywani mwa wazee na kwenye mipaka ambayo wanaoamua wanapaswa kwenda kuikanyaga.

Ndiyo maana wanaosema kwamba dawa ya migogoro hii ni kufupisha muda wa kesi nakubaliana nao kwa sehemu tu. Ibara ya 107A ya Katiba inataka haki isicheleweshwe bila sababu ya msingi, lakini Ibara ya 13(6)(a) inampa kila mtu haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu. Nchi hii imekwisha kuonja uharaka usiosikiliza: sheria ya mwaka 1992 ilifuta haki za kimila katika vijiji vilivyotokana na operesheni hiyo na kuzuia madai yake mahakamani, hadi Mahakama ya Rufani ilipotamka mwaka 1994 kwamba haki ya kimila katika ardhi ni mali inayolindwa na Katiba, na kwamba wananchi hawawezi kufungiwa mlango wa mahakama.

Marekebisho ya mwaka 2021 yaliliachia Baraza la Kata kazi ya kusuluhisha tu, na yakaweka sharti ninaloliunga mkono: siku 30 zikipita bila suluhu, mlalamikaji anaweza kwenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya hata bila cheti cha kata cha kuonyesha kwamba usuluhishi umeshindikana. Hapo chombo kikichelewa, mwananchi hafungwi na uzembe wake.

Kwenye rufani hali ni nyingine. Asiyeridhika na uamuzi wa Baraza la Wilaya ana siku 45 za kukata rufani Mahakama Kuu, na akizidisha, anatakiwa kueleza sababu ya kila siku aliyochelewa. Ni kweli kwamba sheria huziondoa katika hesabu siku za kusubiri nakala ya hukumu, lakini lazima zithibitishwe. Mkulima aliyeomba nakala kwa mdomo, akaambiwa arudi wiki ijayo, kisha akarudi shambani kwa sababu korosho zinadondoka na nauli imekwisha, atathibitisha kwa ushahidi gani? Nawasihi wote wenye kesi waombe nakala kwa barua siku ileile ya hukumu na watunze nakala ya barua yenye mhuri wa kupokelewa.

Ushauri huo, hata hivyo, unamwongezea mzigo aliye dhaifu zaidi. Mabaraza nayo yabanwe: tarehe ambayo nakala ya hukumu imekuwa tayari iandikwe kwenye jalada, na muda wa rufani uhesabiwe kuanzia siku mdaawa, yaani mwenye kesi, alipotia saini kuipokea nakala hiyo.

Wanaodhani kusikiliza kwa utimilifu kunapoteza muda watazame hukumu ambazo Mahakama ya Rufani imezifuta kwa sababu tu maoni ya wazee washauri, wanaokaa na mwenyekiti wa Baraza la Wilaya kusikiliza kesi, hayakusomwa mbele ya wadaawa. Hatua ya dakika chache ilirukwa, kesi ya miaka ikaanza upya, na katika kipindi hicho baadhi ya mashahidi, wazee waliokumbuka nani alipanda mkorosho upi, wanaweza kuwa wamekwisha kufariki. Kwa kesi za mahame, ningependa ushahidi wa wazee uchukuliwe kwanza, huko huko kijijini, kabla ya mapingamizi ya kisheria kuanza kubishaniwa.