Ukweli Kuhusu Mimi, Mzee wa Watu na Ile Keki

Kwanza kabisa: sikumpiga yule mzee. Anayewatangazia kwenye magrupu kwamba nimempiga mzee wa Kihispania kwa keki ni shoga yangu niliyefikia kwake huku Bilbao, kaskazini mwa Hispania. Jina simtaji, mwenyewe anajijua. Pili, yule mzee si Mhispania, ni Mbaski, watu wa huku wenye lugha yao wenyewe, na ukimwita Mhispania mbele ya mkewe utajua hujui. Tatu, keki ilimgusa. Hilo sikatai. Ila kugusa na kupiga ni mambo mawili, muulizeni wakili yeyote.

Goti bado limevimba, naandika nimeliegemeza kwenye mto wa kochi la huyo huyo mbea. Kwa hiyo nivumilieni.

Alinilipia matembezi ya kuongozwa, yale ya kuonyeshwa majengo huku mnaonjeshwa vyakula. Kundi lilikuwa dogo: Wajerumani wawili waliovalia viatu vya kupandia mlima, sisi, na mzee na mkewe kutoka kijijini wamewaleta wajukuu waujue mji. Mzee kavaa txapela, ile kofia nyeusi bapa ya Kibaski, kaiweka upande kidogo. Msafi, kanyooka. Ikumbukeni hiyo kofia. Mama aliyetuongoza alibeba mwavuli mwekundu, ambao hakuufungua siku nzima, ulikuwa wa kutunyooshea tu.

Tulianzia Casco Viejo, mji mkongwe. Kiini chake ni mitaa saba iliyojipanga sambamba kuelekea mtoni. Mama akatuonyesha ukutani alama ya maji yalipofika kwenye mafuriko ya Agosti 1983, mimi nikajipima, nikaacha kujipima. Halafu akatupeleka kwenye chemchemi ya mwaka 1800 iliyo katika mtaa unaoitwa Mtaa wa Mbwa. Maji yanatoka kwenye vinywa vya wanyama watatu wa mawe. Nikaangalia, nikaangalia tena. Simba! Mama akacheka, akasema ni kweli ni simba, ila husimuliwa kwamba watu wa hapa enzi hizo walikuwa hawajamwona simba, wakaona huyu ni mbwa tu, na jina likabaki. Mimi kama Mtanzania nikajisikia mtaalamu. Nikaanza kuwaeleza Wajerumani habari za simba wa Serengeti, ambako sijawahi kufika. Shoga akanikanyaga mguu.

Kwenye chakula sina malalamiko, na nitakaa hapo kidogo kwa sababu ndicho kitu pekee nilichokifanya kwa heshima siku ile. Plaza Nueva ni uwanja wa mraba uliozungukwa na matao, na chini ya matao kuna baa zimebanana. Kaunta zimejaa pintxos: vipande vya mkate na kila aina ya kitu juu yake, vingi vimechomwa kijiti visianguke. Unakula umesimama, unalipa, unahamia baa ya pili. Nilianza na gilda: zeituni, pilipili ndefu ya kijani iliyolowekwa kwenye siki, na dagaa wa chumvi, vyote kwenye kijiti kimoja, unavuta kwa mara moja. Pilipili yao inatekenya tu, mtu aliyekulia kwenye mbilimbi na pilipili mbuzi anacheka. Ikafuata bacalao al pil-pil. Sasa bacalao, wapendwa, ni ng'onda aliyepelekwa shule. Samaki wa chumvi wanamloweka chumvi itoke, wanampika taratibu na mafuta ya zeituni na kitunguu saumu, kisha sufuria inazungushwa, inazungushwa, mpaka mafuta na ule ute wa ngozi yake vinashikana na kuwa mchuzi mzito mweupe. Hakuna unga humo, hakuna maziwa. Niliufuta kwa mkate mpaka sahani ikang'aa.

Kuna aliyeniuliza kwenye grupu kama nilikuwa nimelewa. Hapana. Wenzangu walikunywa txakoli, mvinyo mweupe wa huku ambao mhudumu anaumimina kutoka juu, chupa iko usawa wa kichwa na bilauri iko kiunoni. Mimi nilipewa mosto, juisi ya zabibu, ina barafu na kipande cha chungwa. Nilichokifanya nilikifanya na akili zangu zote. Natamani ningekuwa na kisingizio.

Kabla ya kuondoka mji mkongwe tukapitia duka la keki, na hapo ndipo ulipoanza msiba. Kuna keki ya Bilbao inaitwa carolina. Chini ni kikombe kidogo cha unga uliookwa, juu yake mnara wa ute wa yai uliopigwa na sukari mpaka ukasimama wenyewe, mweupe pe, umechongoka, ubavu mmoja umepakwa chokoleti na mwingine kiini cha yai. Urefu wake unaushangaa. Mama akasema tule hapo hapo, carolina haisafiri. Wote wakala. Mimi, mwenye akaunti yenye wafuasi, yaani nyie, nikasema yangu nitaipiga picha mbele ya Puppy, yule mbwa wa maua aliyeko mlangoni mwa Guggenheim, jumba la makumbusho ya sanaa. Keki na maua, mwanga wa mchana. Nilikuwa nawafikiria nyie. Shukrani yenu nimeiona.

Basi tukafuata mto Nervión, na mimi carolina kiganjani. Mtihani wa kwanza ulikuwa daraja la Zubizuri. Ni jeupe, limepinda, zuri kweli, kazi ya msanifu Santiago Calatrava ya mwaka 1997, na sakafu aliitengeneza kwa vioo. Vioo! Katika mji ambao mvua haikauki! Watu wameteleza mpaka manispaa ikatandika zulia juu yake. Halafu manispaa ikaunganisha daraja na kivuko kingine bila idhini yake, Calatrava akawashtaki, akaambulia euro 30,000. Mama alisimulia hayo katikati ya daraja na mimi sikumsikiliza vizuri kwa sababu nilikuwa natembea hatua za bibi harusi, macho kwenye carolina. Nikavuka. Haijatikisika. Shoga akanipigia makofi, nikajua hatari imepita.

Guggenheim mmeiona kwenye picha: msanifu wake Frank Gehry, ilifunguliwa Oktoba 1997, imefunikwa vipande kama 33,000 vya metali ya titani, vyembamba kuliko bati lolote la Buguruni, vinabadilika rangi wingu likipita. Nyuma yake kuna buibui wa shaba nyeusi, Maman, kazi ya Louise Bourgeois, urefu karibu mita 9, tumboni kabeba mayai ya marumaru. Alimtengeneza kwa heshima ya mama yake mzazi. Mimi mama yangu nikimpelekea buibui nitakula bakora, lakini hayo tuyaache. Pembeni ya buibui kuna bwawa, na kati ya bwawa na mto kuna njia ya miguu. Tulikuwa kwenye hiyo njia. Titani kushoto, mto kulia, mzee wa watu mbele yangu kashika ukingo, anawaangalia wajukuu wake wakikimbizana na jezi zao nyekundu na nyeupe za Athletic, timu ya mpira ya Bilbao.

Nikasikia: psssssss.

Inatoka chini ya miguu yetu. Sauti hiyo kwetu ina maana moja, mtungi wa gesi. Nikainama kuangalia, na moshi mweupe ukaanza kufumuka kutoka chini ya njia, si kidogo, unajaa bwawani na kupanda kwenye magoti, umewameza wale watoto mpaka kiunoni.

Hapa naomba mtulie mnielewe. Mimi ni mtoto wa Mbagala. Tarehe 29 Aprili 2009 ghala la mabomu la jeshi lilipolipuka, sisi tulikimbia na sufuria mkononi. Mtu wa Mbagala akiona moshi haulizi moshi wa nini. Maswali anayauliza akishafika Temeke.

Mkono wa kushoto ukamshika mzee kwenye mkono wa koti. Nikamwambia, kwa Kiswahili kilichonyooka, "Mzee, moto! Tukimbie, baba!" Kihispania changu chote, maneno yangu yote ya kuagizia chai, yalikuwa yameshatangulia kukimbia. Mzee akageuka akanitazama kwa adabu kabisa. Hakuachia ukingo. Nikavuta. Akakaza. Nikawaza, maskini, mshtuko umemgandisha, na mkono wa kulia ukaondoka kwenda kumsaidia wa kushoto.

Mkono wa kulia ulikuwa na carolina.

Niliiona. Yaani niliiona inaondoka kiganjani taratibu, ubavu wa chokoleti umetangulia, na akili ikaniambia kwa utulivu, "hiyo inaenda kwenye kofia." Ikaenda kwenye kofia. Haikupasuka, laiti ingepasuka! Ilitua kwa kitako, ikanata, ikasimama wima juu ya txapela, nyeupe juu ya nyeusi, mnara wote mzima. Mzee akainua macho kama anayetafuta ndege. Mkewe akafungua mdomo. Moshi ukatufikia kifuani, na katika moshi ule kitu pekee nilichokiona sawasawa ni ile keki, inafikiria. Kisha ikainama. Ikaanza kuteremka polepole ubavuni mwa kofia, ikapita sikioni, ikapumzika begani kwenye koti, na ndipo mnara ukalala.

Na mimi, wapendwa, mimi niliyekuja kumwokoa, nikamwacha.

Nilikimbia hadi chini ya buibui, nikajitupa kifudifudi, mikono kichwani, kama tulivyoelekezana mtaani siku zile za mabomu. Goti likapiga sakafu, ndilo hilo nililowaambia limevimba. Nikalala hapo nasubiri mlipuko. Badala ya mlipuko nikasikia watoto wanacheka. Wale wajukuu wamo ndani ya moshi, mikono juu, wanaruka, na mmoja wao ananipigia kelele "Williams! Williams!" Kwa wasiojua: Iñaki Williams wa Athletic, wazazi wake wametoka Ghana, anajulikana kwa mbio. Hiyo sehemu shoga hakuongeza chumvi. Ilitokea.

Haukuwa moshi. Ni maji, yanasukumwa kwa nguvu kwenye vitundu vidogo yakawa ukungu. Ni sanaa, kazi ya Mjapani Fujiko Nakaya, ipo pale tangu 1998 na hutoka kwa vipindi, kila siku, watu wanaisubiri na kamera. Mama mwenye mwavuli alinijia akasimama juu yangu, nikimwona kati ya miguu ya buibui, akasema kwa upole, "Hii ndiyo kazi iliyokuwa inafuata kwenye ratiba." Mjerumani mmoja akaandika kitu kwenye daftari.

Yaliyobaki ni mafupi. Nikaomba radhi kwa lugha zote. Mzee alicheka mpaka akatafuta pa kukaa. Mkewe alimfuta kwa leso, akaonja kidole, akasema neno ambalo shoga alinitafsiria kuwa anauliza carolina nimeinunua duka gani. Kusafisha koti hawakutaka pesa yangu, wakakubali kahawa. Wajukuu wakaniomba nikimbie tena. Kwa Puppy tulifika, picha nilipigwa, goti linavuja damu na kiganja kitupu mbele ya mbwa wa maua mwenye zaidi ya mita 12. Sitaiweka hapa, msiniombe.

Sasa ile stika inayozunguka, ya mimi nimelala chini ya buibui na maandishi "Mbagala Oyee". Aliyeitengeneza namjua, yupo jikoni sasa hivi anajifanya anapika, na elfu hamsini yangu ya tangu sherehe ya mdogo wake hajairudisha. Kila atakayeituma tena namhesabu mdhamini wa hilo deni.