"Futa, pakua upya": ushauri wa mtu ambaye bando halimuumi

Mtu anauliza swali la maana kabisa. Gemu lilikuwa linacheza jana, umeme ukakatika likiwa linajisasisha, na leo kila akifika ramani ya pili linajifunga na kumtupa desktop. Dakika mbili haziishi, wataalamu wameshafika: "Futa, pakua upya." Basi. Hakuna aliyeuliza linajifungia wapi, wala liko kwenye diski ya aina gani.

Gemu la GB 100, kwa intaneti ya megabiti 10 kwa sekunde isiyoyumba (kama mtaani kwenu ipo, nitajie nihamie), ni saa 22 na ushee. Hilo ndilo mnamwambia mtu akafanye kwa sababu ya kipande kimoja cha faili.

Kitufe cha kukagua mafaili ya gemu kipo kwenye programu unayonunulia na kufungulia magemu. Kwenye Steam, bofya kulia jina la gemu, ingia "Properties", halafu "Installed Files", halafu "Verify integrity of game files". Battle.net ni ile gia pembeni ya "Play", chagua "Scan and Repair". GOG Galaxy kimo ndani ya "Manage installation". Epic kiko nyuma ya zile nukta tatu, na EA wanakiita "Repair". Majina mengi, kazi moja: programu inasoma kila faili la gemu kwenye diski yako, inalinganisha na orodha ya kampuni, na inapakua kilichoharibika tu. Steam hulikata faili vipande vya kama megabaiti moja, kila kimoja na alama yake kama ya kidole. Kwa hiyo faili la GB 10 likiwa na vipande vitatu vibovu, unalipia megabaiti chache. Bando la soda linatosha.

Na usiniambie "niliangalia folda, mafaili yote yapo." Yapo, ndiyo. Umeme ukikatika wakati wa kuandika, Windows inaweza kuwa imeshasajili jina la faili na ukubwa wake, lakini yaliyomo yalikuwa bado kwenye RAM. Kompyuta ikiwaka unakuta faili lenye jina sahihi, ukubwa sahihi hadi baiti ya mwisho, na ukilifungua kwa programu ya kuonyesha baiti unakutana na 00 00 00 00 kuanzia juu mpaka chini. Limejaa sifuri. Ukibonyeza "Play" Steam haisomi yaliyomo, inaanzisha gemu tu. Gemu linacheza vizuri hadi lihitaji faili lile, na hapo linakufa. Ndiyo maana linafia palepale kila siku, na ndiyo maana swali la kwanza la fundi yeyote mwenye akili ni "linafia wapi?" Likifia sehemu ileile, shuku mafaili. Likifia popote linapojisikia, leo kwenye menyu, kesho katikati ya mechi, shuku RAM, joto au dereva (programu inayoiendesha) wa kadi ya picha.

Sasa tufike kwenye ubishi wenyewe. Hata wanaokijua kitufe hiki wanakitumia kama Panadol: inauma, meza, bado inauma, meza nyingine. Wengine wanajisifu wamekibonyeza mara saba. Jamani, hiki ni kama kipimo cha malaria. Kinatoa jibu, na jibu ni ile idadi ya mafaili kinayokutajia mwishoni, ambayo watu wanaifunga bila kuisoma kama tangazo la kwenye simu.

Kikisema kila kitu kiko sawa, mafaili ya gemu hayana kosa. Acha kukibonyeza. Na zaidi ya yote, usifute gemu, maana utapakua GB 100 ambazo baiti kwa baiti ni zilezile ulizofuta! Angalia kwingine. Mipangilio ya gemu mara nyingi hukaa nje ya folda la gemu, kwenye AppData au Documents\My Games, na ukaguzi hauigusi. Badilisha jina la folda hilo, usilifute, kwa sababu save zako (rekodi za ulipofikia) huenda zimo humohumo. Kisha fungua Event Viewer, daftari la makosa la Windows, "Windows Logs", "Application", utafute mstari mwekundu wa muda ule gemu lilipokufa, usome palipoandikwa "Faulting module name". Hapo utakuta jina la DLL, yaani faili la msaada ambalo programu huliazima. Ukiona nvwgf2umx.dll, kadi yako ni ya NVIDIA na wa kuanza naye ni dereva wake. Ukiona MSVCP140.dll, weka Visual C++ mpya kutoka Microsoft, ya x64 na ya x86 zote mbili. Kutoka Microsoft, nimesema, si kwenye zile tovuti zinazouza DLL mojamoja kama maandazi. Ukiona ntdll.dll, pole, hiyo haikuambii kitu.

Kikikuta mafaili kadhaa mabovu, kikayarudisha, ukakagua tena kisikute bovu hata moja, umemaliza. Cheza. Faili moja au mawili yakitajwa kila ukikagua, mara nyingi ni mafaili ya mipangilio, na Steam wenyewe wanasema ni kawaida.

Jibu la tatu ndilo ambalo "futa, pakua upya" haiwezi kulitibu kabisa. Unakagua, kinakuta mafaili 37. Kinatengeneza. Unakagua palepale bila hata kufungua gemu, kinakuta 12, na si yale ya mwanzo. Fikiria njia ya data: inaingia kutoka kwenye intaneti, inapita kwenye RAM, prosesa inaifumua kwa kuwa ilibanwa, halafu inaandikwa kwenye diski. Mahali fulani njiani humo inaharibika, ndani ya boksi lako mwenyewe. Ukipakua upya unaipitisha GB 100 kwenye njia ileile mbovu. Utapata gemu jipya lenye uharibifu mpya.

Anza na RAM. Ingia BIOS (mipangilio ya kompyuta kabla Windows haijawaka), zima XMP inayoikimbiza RAM kuliko kawaida yake, ukague tena. Kisha weka MemTest86, programu ya kupima RAM, kwenye flashi na uiache usiku kucha. Kosa moja tu ni kosa. RAM haina "karibu nzima". Likijitokeza, chomoa kijiti kimoja, pima kingine, hasa kama umechanganya vijiti vya kampuni mbili. Kwenye diski, CrystalDiskInfo, programu ya kupima afya ya diski, ikuonyeshe mistari mitatu, usome safu ya "Raw Values": 05 na C5 zikiwa juu ya sifuri, diski inaaga, okoa save zako leo; C7 ikiwa inaongezeka, kwa kawaida ni waya wa SATA, badilisha waya kabla hujanunua diski.

Prosesa nayo isionewe haya. Mwaka 2024 wenye Intel za desktop za kizazi cha 13 na 14 walihangaika na magemu yaliyojengwa kwa Unreal Engine yaliyokuwa yakifa na ujumbe kwamba kumbukumbu ya kadi ya picha imejaa, hata kwa wenye kadi za GB 24. Kadi hazikuwa na kosa. Prosesa ilikuwa inakosea wakati wa kufumua data. Intel walitoa microcode 0x129 (maelekezo ya ndani ya prosesa) Agosti 2024 kupitia sasisho la BIOS na kuongeza dhamana miaka miwili, lakini wakakiri kwamba chipu iliyokwisha kuharibika haiponi kwa BIOS. Hebu waza ni watu wangapi walioshauriwa wakati ule wafute gemu.

Haya, nikubali kidogo, shingo upande. Ukaguzi unaangalia mafaili yaliyo kwenye orodha tu. Ukiwa umeweka mod, nyongeza ya watu wa nje ya kampuni, ile dinput8.dll au dxgi.dll uliyoibandika kwenye folda la gemu haimo kwenye orodha, kwa hiyo inabaki na kuendelea kuua gemu kila baada ya sasisho. Hapo kufuta folda zima kunaweza kusaidia. Lakini hata hapo unatoa hizo DLL mbili kwa mkono na shughuli imeisha. Na gemu likiwa la GB 2, haya, futa, sigombani na mtu kwa GB 2. Angalia kwanza save ziko wapi, yapo magemu yanayozihifadhi ndani ya folda lile unalofuta.

Antivirus: angalia "Protection history" ya Windows Security kama imekula exe, faili linaloanzisha gemu. Diski iliyojaa: acha nafasi, masasisho yanaihitaji. Wenye magemu ya crack, yale ya kuibia: nyie mna dini yenu, siingilii.

Na ikibidi kweli kuanza upya, kabla ya kugusa bando uliza rafiki mwenye gemu hilo. Tangu 2023 Steam inahamisha gemu kati ya kompyuta mbili kwenye WiFi moja. Kwenye "Downloads" ya mipangilio ruhusu uhamishaji wa mtandao wa ndani, wote muwe mmeingia Steam. Au mje na diski ya nje: nakili folda lake kutoka steamapps\common, libandike kwako mahali hapohapo, kisha ubonyeze "Install" ukichagua diski hiyohiyo. Steam itayakuta mafaili, itayakagua, na itapakua pengo tu. Jina la folda lifanane kabisa na la kwake, hata nafasi kati ya maneno. Ukiliita "gemu la Juma" itaanza kupakua kutoka sifuri, na hapo usije kulalamika.