Serikali ya Ngala ya 1961: kiti bila kura

Kwetu Kilifi, wazee humtaja Ronald Ngala kama mtu anayemtaja mjomba wake: kwa mapenzi, na kwa kumtetea hata kabla hajashutumiwa. Nami nampenda. Ndiyo maana nasema wazi: alipokubali kuunda serikali mwaka 1961 alikosea, na kosa lile liliiponza fikra bora kuliko zote alizokuwa nazo.

Tukumbuke mambo yalivyokuwa. Katika uchaguzi wa Februari 1961, viti visivyotengewa rangi yoyote vilikuwa 33. Chama cha KANU kilipata 19, na KADU, chama cha Ngala, 11. Kwa kura pengo lilikuwa kubwa zaidi: KANU ilizoa takriban theluthi mbili, KADU haikufikisha hata moja ya tano. KANU ikashika msimamo, haiingii serikalini mpaka Jomo Kenyatta aachiliwe kutoka kizuizini. Gavana wa Kiingereza, Patrick Renison, ambaye mwaka mmoja nyuma alikuwa amemwita Kenyatta kiongozi wa kuwapeleka watu kwenye giza na mauti, akakataa. Akawageukia walioshindwa.

Aprili serikali ikapatikana. Ngala akawa Kiongozi wa Shughuli za Serikali na Waziri wa Elimu, wizara iliyomfaa maana alikuwa mwalimu. Masinde Muliro akapewa Biashara na Viwanda. Kilimo kikaenda kwa Michael Blundell, setla wa chama cha New Kenya. Hapo ndipo penye donda. Nchi ilikuwa imetoka juzi tu kumwaga damu kwa ajili ya ardhi, katika vita vya Mau Mau, na Waziri wa Kilimo ni mwenye shamba kwenye nyanda zilizoitwa za Wazungu! Na hata kwa msaada wa akina Blundell idadi haikutosha, ikabidi gavana ateue wajumbe wake kulijaza baraza.

Nawaelewa waliokubali. Wagiriama, Wakalenjin, Wamaasai na Waluhya wengi waliogopa kwamba Mwingereza akiondoka, wenye idadi kubwa watachukua kila kitu, mashamba yakiwa ya kwanza. Hofu hiyo haikuwa ya kubuni; sisi wa Pwani tulikuwa tumeamuliwa mambo yetu na watu wa mbali kwa miaka mingi. Tena Kenyatta alijengewa nyumba Gatundu na kurudishwa kwake Agosti 1961, mawaziri hao wakiwa madarakani. Wanaowaita vibaraka hawalitaji hilo, na si haki.

Lakini fikra yao kubwa ilikuwa majimbo: Pwani ijiamulie mambo yake, na Bonde la Ufa hali kadhalika. Naiamini fikra hiyo mpaka leo. Tatizo ni mlango iliopitia. Mtu wa Nyeri au Kisumu alipolisikia neno majimbo kutoka kwenye baraza lile, alimwona Blundell nyuma yake. Aliona ua wa kulinda mashamba ya masetla. Kama Ngala angebaki upinzani na viti vyake 11, neno hilohilo lingesikika kama kilio cha Mgiriama na Mmaasai, na lingekuwa gumu zaidi kulipuuza.

Serikali ile ilidumu mwaka mmoja hivi. Aprili 1962, baada ya mkutano wa pili wa katiba katika Lancaster House, London, ikaja ya mseto wa KANU na KADU, Ngala na Kenyatta wakiwa mawaziri pamoja. Majimbo yaliingia kwenye katiba ya 1963, na Ngala akawa rais wa baraza la jimbo la Pwani. Ila KANU ilishinda uchaguzi wa Mei mwaka huo, na haikuwahi kuyataka. Novemba 1964 KADU ikajivunja. Majimbo yakageuzwa mikoa ya kutawaliwa kutoka Nairobi, na katika miaka ya 1990 neno lenyewe likatumika kuwafukuzia watu mashambani.

Kaunti 47 zilikuja na katiba ya 2010. Mtoto aliyezaliwa Kilifi mwezi ule KADU ilipojivunja alikuwa na miaka 48 alipopiga foleni, Machi 2013, kumchagua gavana wake wa kwanza.